Kiatu cha Pili Ndani ya Gunia

Baba yangu alitupa viatu maisha yake yote. Si kwa hasira, ilikuwa kazi yake. Kwetu Waturkana, zamani, mtu akipotelewa na punda, au mvua ikikataa, au bibi yake akikaa miaka mitatu bila mtoto, alikwenda kwa mzee anayejua viatu. Mzee anavua akala zake mbili, anazishika pamoja kwa mkono mmoja, anazitemea mate kidogo, anazitupa chini. Halafu anasoma vile zimeanguka: gani imelala kifudifudi, gani imepanda mwenzake, pua ya gani imeangalia upande gani. Wengine walisoma matumbo ya mbuzi. Majirani zetu Waborana nao walikuwa na wazee wao wa matumbo. Ukiwauliza siku hizi watakuambia hayo yalikuwa mambo ya kabla ya msikiti, kisha mbuzi akichinjwa unawaona wanayaangalia matumbo kwa makini sana kabla ya kuyatia sufuria.

Nilipokuwa mdogo nilimuuliza baba kiatu kinajuaje punda alikoenda. Kiatu chenyewe kimekatwa kwa tairi la lori, na malori ya siku hizo yalipotea njia kuliko punda. Hakukasirika. Alisema, "Kiatu hakijui kitu. Ndiyo maana tunakiuliza. Ukiuliza mtu atakuambia anachotaka yeye."

Hilo ni neno la kwanza alilonifundisha. La pili alinifundisha nikiwa na ndevu, na alinifundisha kwa kunong'ona. Ukitupa kiatu juu, kinaanguka kinavyotaka. Lakini ukiweka kiwiko karibu na mbavu, ukatupa chini chini na kukunja mkono mwishoni hivi, kama mtu anayefukuza nzi, kiatu kinaanguka unavyotaka wewe. Baba alitupa juu kwa mambo ya mifugo. Kwa mambo ya wagonjwa na mama zao alitupa chini chini. Alisema mama aliyetembea siku mbili kuja kuuliza habari za mtoto wake hawezi kuachiwa tairi.

Basi mimi nimekua katikati ya hayo mawili. Nimebatizwa pia, nikiwa mtu mzima, mwaka ule kanisa liligawa blanketi. Sioni haya kusema. Blanketi lilikuwa zuri, na ubatizo bado ninao ingawa blanketi limekwisha.

Sasa nieleze habari ya gunia.

Rafiki yangu ni Mborana, Mwislamu, tumekaa jirani hapa Gotu tangu nywele zetu zikiwa nyeusi. Tumeibiana mbuzi tukiwa vijana, kila mtu na wenzake, halafu tukazoeana. Mimi humwita haji, ingawa safari yake ya mbali kabisa ilikuwa Meru kung'olewa jino. Yeye huniita kafiri wangu. Hilo "wangu" ni muhimu, maana kuna makafiri wengine hawapendi. Yeye anaamini kila kitu kimeandikwa, hata mwiba utakaokuchoma kesho. Mimi huwa namwambia kama kila kitu kimeandikwa, aliyeandika alikuwa na haraka, maana kurasa zetu za Isiolo zina makosa mengi. Tumebishana hivyo miaka arobaini na hakuna aliyehama.

Ukame ukaja. Sitausimulia, kila mtu anao wake. Niseme tu kwamba haji alibaki na mbuzi wawili na mimi nilibaki na fimbo. Mtu wa huku akibaki na fimbo tu anakuwa kitu cha ajabu. Asubuhi unaamka, unaichukua, unasimama mlangoni, na hakuna mkia hata mmoja wa kuufuata. Nilikuwa nabeba ile fimbo mpaka dukani kununua sukari, kama mchungaji wa sukari. Vijana wa bodaboda walinisalimia kwa heshima, halafu nikawasikia wakicheka. Sikutaka kufa hivyo. Nilitaka mnyama mmoja. Sikusema kundi. Mmoja, wa kunifanya niamke.

Mwaka uliofuata wakaja watu wa mradi. Walikuwa na fulana za rangi moja na binti mmoja mwerevu aliyebeba kioo cha kuandikia kwa kidole. Wakasema wataleta ngamia jike, tena wenye mimba. Tukafurahi. Kisha wakasema ni saba. Nyumba zetu ni thelathini na kitu, na hicho kitu sitakitaja, utaona kwa nini.

Yule binti alisema majina yataingia kwa kioo chake na kioo kitachagua chenyewe bila kupendelea. Wazee wakauliza nani alikifundisha kioo. Akasema kilifundishwa na watu wa Nairobi. Mazungumzo ya kioo yakaishia hapo. Ikaamuliwa tufanye vile sisi hufanya tukigawana nyama au zamu ya kisima: kila nyumba inatoa kiatu kimoja, viatu vinatiwa gunia, vinachanganywa, na mtu asiyejua kiatu cha nani ni kipi anachomoa. Watu wanaweza kusema uongo juu ya mambo yote, lakini kila mtu hapa anajua kiatu cha jirani yake. Tunasomana nyayo.

Binti akasema sawa, lakini tuhesabu viatu kwanza tuone kama vinalingana na nyumba. Wamama wakapiga makelele. Huku hatuhesabu watoto, hatuhesabu nyumba, hatuhesabu mifugo, si kwa sauti na si kwa kidole. Ukihesabu, unakionyesha kifo mahali pa kuanzia. Mwislamu haamini hivyo, Mkristo haamini hivyo, na siku ile hakuna Mwislamu wala Mkristo aliyekubali kuhesabiwa. Hata mimi nisiyeamini kitu niligeuka pembeni nikatema mate. Viatu havikuhesabiwa.

Siku yenyewe lori lilifika karibu saa sita mchana, kwa uwanja wa pale karibu na josho. Ngamia wakateremshwa. Nitasema ukweli, nilimpenda mmoja kabla hajamaliza kuteremka. Alikuwa mweupe wa vumbi, sikio la kushoto limechanika, na aliangalia watu wote kwa dharau kama mke wa chifu. Nikajiambia, huyo. Haji aliyekuwa kando yangu akasema kwa sauti, "Yule wa sikio." Tukaangaliana. Hatukupenda.

Kabla ya kazi ilibidi tuombe. Hapo pakatokea ubishi kidogo, wa heshima lakini mrefu, kati ya pasta na shehe, nani afungue na nani afunge. Anayefungua anaombea watu wakiwa wasikivu, anayefunga anasikiwa na Mungu mwisho. Shehe akafungua. Alisema riziki ya kila mtu iliandikwa kabla mtu hajazaliwa, na gunia ni la kutufunulia tu. Pasta akafunga. Alisema hata mitume walipiga kura, na Roho ndiye aliongoza mkono. Wote wawili walisema vizuri, jua lilikuwa kali, na wote wawili walikuwa wamesimama kwenye kivuli cha lori.

Mtu wa kuchomoa akawa dereva wa lori. Alikuwa Mmeru, hakujua mtu yeyote, na hakutaka kujua. Alilitazama gunia kama mtu anayeambiwa atie mkono kwa shimo la choo.

Viatu vikaanza kutolewa. Haji alikuwa ametawadha tayari, maana adhuhuri ilikuwa imefika, na yeye hata kama dunia inagawanywa hawezi kupitisha swala. Aliacha akala zake kando yangu, zile zake zilizofungwa kamba nyekundu ya nailoni, akaniambia, "Nitolee kiatu changu gunia likifika." Akaenda nyuma ya lori kuswali.

Gunia likaja. Wakati huo nilikuwa nabishana na mama mmoja wa kanisa aliyesimama mbele yangu. Alikuwa ameniambia ngamia wake tayari Mungu amemwandika jina. Nikamuuliza kama ameshaandikwa, kwa nini yeye amekuja na gambuti ya mpira ya marehemu mumewe, kubwa kama ndoo. Akasema ndiyo iliyokuwa karibu. Nikasema haikuwa karibu, aliitafuta, ili mkono wa dereva usiikose, na kwamba hiyo inaitwa kumsaidia Mungu kuandika. Watu wakacheka. Nami nikinoga na maneno, nikavua akala yangu moja, nikaitia. Nikachukua na za haji.

Nilisema baba alishika viatu viwili pamoja kwa mkono mmoja. Mimi nimeona hivyo tangu nikiwa wa kunyonya. Mkono wangu ukikutana na akala mbili zimelala pamoja chini, unazichukua mbili. Haukuniuliza. Ulizichukua, ukazitia gunia, mdomo ukaendelea na gambuti.

Dereva akachomoa. Cha kwanza kikawa kiatu cha kijana aliyekuwa na mifugo tayari Kulamawe na alijulikana hivyo. Akasema Mungu mkubwa. Cha pili, cha tatu. Kila aliyechomolewa alimshukuru Mungu kwa sauti, na wengine wote walikaa kimya, kana kwamba Mungu hakuwafanyia kitu. Mimi niliwaangalia hao wakimya. Hakuna aliyesema Mungu ameninyima. Walisema gunia. Nikaona tumegawa kazi vizuri: ukipata ni Mungu, ukikosa ni gunia.

Aliyechomolewa anachagua ngamia. Wa sikio lililochanika akapitwa na cha kwanza, akapitwa na cha pili, akapitwa na wote, kwa sababu ya lile sikio na kwa sababu ya ile dharau. Wakabaki watu wengi na yeye mmoja. Moyo wangu ulikuwa unapiga kama wa mwizi. Dereva akaingiza mkono mpaka kwapani. Akatoa akala yenye kamba nyekundu.

Haji alikuwa bado amepiga magoti nyuma ya lori. Aliambiwa akiwa anakunja mkeka.

Alilia, yule mzee. Nilimkumbatia. Nilikuwa na furaha yake mkono mmoja na wivu wangu mkono mwingine, na vyote vilikuwa na uzito sawa. Halafu watu wakaenda kuchukua viatu vyao, gunia likamwagwa, na pale katikati ya viatu, karibu na ile gambuti ambayo Mungu aliikataa, nikaona akala nyingine yenye kamba nyekundu.

Hakuna aliyeiona kabla yangu. Niliikanyaga. Nikangoja. Nikainama kama mtu anayevaa, nikaitia ndani ya shuka.

Haji alitafuta kiatu chake cha pili kila mahali. Aliniuliza. Nikasema nilitoa kimoja, kingine labda mbwa. Akasema haidhuru, kiwe sadaka. Akaenda nyumbani akivuta ngamia, mguu mmoja umevaa na mmoja mtupu, akichechemea juu ya changarawe na kucheka peke yake. Na mimi nikaenda nyuma yake na kile kiatu kimeshikamana na tumbo langu kwa jasho.

Ningeweza kupiga kelele palepale. Uwanjani wote walikuwapo, dereva bado alikuwapo. Kwa nini sikupiga? Ningependa kusema ni kwa ajili ya rafiki. Ukweli ni kwamba niliona aibu kusema kosa ni la mkono wangu, mimi niliyetoka kumcheka mama wa watu kwa kumsaidia Mungu kuandika. Nilikuwa nimemsaidia zaidi.

Nilikaa na kiatu siku mbili. Asubuhi ya tatu nikashindwa, nikampelekea. Alikuwa amekaa nje, ngamia amefungwa karibu, anamwangalia akila. Niliweka kiatu chini mbele yake, nikamweleza yote: mama wa gambuti, mkono, gunia. Alisikiliza bila kunikatiza, jambo ambalo hajawahi kulifanya.

Kisha akauliza, "Uliniwekea kipi kwanza? Cha kulia au cha kushoto?"

"Vyote pamoja."

"Kilichochomolewa ni cha kulia," akasema. "Kama ulinitolea cha kulia, basi cha kushoto ndicho kilichozidi, na ngamia ni wangu. Kama ulinitolea cha kushoto, basi cha kulia hakikuwa na haki ya kuwa mle ndani."

Nilimwambia tena viliingia pamoja. Akashika kichwa. Mtu ambaye kila kitu kimeandikwa alikuwa anataka nimwambie kiatu gani kimeandikwa, na mimi ndiye nilikuwa kalamu, na kalamu ilikuwa inaongea na mama wa gambuti.

Alienda kwa shehe. Shehe akamwambia kilichotoka ni riziki, ale na ashukuru. Haji akamuuliza: na mtu akipata riziki kwa nafasi mbili wakati wenzake wana moja? Shehe akasema hilo ni swali zuri, na kwamba yeye ana mgonjwa wa kumtembelea. Haji akaenda kwa mwenyekiti wa kamati, ambaye ni mama mkali. Huyo akamwambia lori limekwenda, wale sita wengine wameshahama na ngamia wao, mmoja amefika mpaka Leparua, na mtu anayetaka gunia lirudiwe basi aanze kwa kuwarudisha hao wote kwa miguu yake. Asirudie kulisema hilo neno, maana watu watachukua mikuki kabla ya kuchukua viatu.

Akarudi kwangu. Najua unauliza, na wale wengine wote waliokosa? Nami nilijiuliza. Nakiri sikujiuliza kwa nguvu sana.

"Mimi siwezi kunywa maziwa haya hivi," haji akaniambia. "Wengine hawataki kusikia. Wewe umesikia. Wewe ndiye uliyeharibu, na wewe pia ulikuwa unamtaka. Nimekuona uwanjani. Basi tumalize sisi wawili. Tupa kiatu."

Nikamwambia dini yake haitaki mambo ya kutupa viatu.

"Dini yangu haitaki kuuliza kiatu habari za kesho," akasema. "Sikiulizi kesho. Nataka kitugawie leo. Kikianguka kimekaa vile mtu amekivaa, ni wangu. Kikilala kifudifudi, ni wako. Mimi nitajua yamekwisha."

Akanipa akala ya kushoto mkononi. Tulisimama karibu na ngamia. Haji akaangalia pembeni, mikono nyuma, kama mtu anayengoja sindano.

Hapa ndipo ninapotaka kusema kitu ambacho sijamwambia. Sikuwa na wazo la kutupa juu. Nilipokishika tu kile kiatu, kiwiko changu kilienda mbavuni chenyewe. Nilikipima uzito. Kisigino kilikuwa kimelika, kizuri kwa kupindua. Nilijiambia huyu ana mbuzi wawili na mimi nina fimbo. Nilijiambia baba alitupa chini chini kwa ajili ya wagonjwa, na mimi ni mgonjwa wa aina yangu. Nilijiambia mengi kwa muda mfupi. Nikavuta mkono.

Sasa, ngamia anapenda chumvi kuliko anavyojipenda mwenyewe. Na akala ya mzee aliyetembea nayo miaka kumi ni chumvi tupu. Yule mnyama alikuwa amekinusa. Wakati mkono wangu unakwenda, alinyoosha ile shingo, midomo mbele, na taya lake likanipiga kiwiko kutoka chini. Kiatu kikanitoka. Kilipanda juu, juu kabisa, kikajizungusha mara ambazo sikuhesabu, kikashuka, kikagonga ardhi, kikaruka kidogo, kikatulia. Kilisimama wima juu ya soli yake, pua imetuelekea sisi, kana kwamba kuna mtu asiyeonekana amesimama ndani yake.

"Alhamdulillahi," haji akasema polepole.

"Ngamia amenisukuma."

"Na ngamia amesukumwa na nani?"

"Na chumvi."

"Na chumvi?"

Ningeweza kudai kutupa tena. Lakini ili niseme ule mtupo umeharibika, ilinibidi nieleze ungekuwaje kama haungeharibika. Nikaokota kiatu, nikampa, akakivaa. Akajaribu kutembea na viatu viwili, akasema vimekuwa vya ajabu, mguu mmoja ulishazoea mawe.

Nilikwenda nyumbani na fimbo yangu. Nilikuwa na hasira na Mungu jioni ile, hasira ya kweli, kwa mtu ambaye huwa nasema sina uhakika naye. Hasira ilinishangaza kuliko kushindwa. Kwa kiatu huwezi kukasirika, wala kwa ngamia. Kukasirika kunataka mtu. Nilimwambia Akuj, Mungu wa kwetu, kwa Kiturkana, maana kwa Kiswahili nisingeweza kumtukana vizuri: kama ulitaka ampate haji, kwa nini ulinipa mkono wa baba? Na kama hukujali nani ampate, taya la ngamia lilitafuta nini kwa kiwiko changu? Hakujibu. Tena sijui kama kutojibu ni jibu la mtu aliye huko au la mtu ambaye hayuko. Kwa sikio ni kitu kimoja.

Kuna siku nafikiri hivi. Mungu akichagua mwenyewe, atapendelea, kwa sababu anatujua. Anajua nani anaswali na nani alibatizwa kwa blanketi. Labda ndiyo sababu aliweka kiatu katikati, kitu kisichojua, ili asilazimike kutuangalia usoni. Nilimweleza haji wazo hilo, akaniambia nimekufuru, akafikiri, akaniambia nirudie pole pole. Na kuna siku nyingine nafikiri hakuna aliyeweka chochote, ni tairi tu. Siku hizo nazo nakunywa chai vizuri.

Nimesema nakunywa chai, na maziwa yake yanatoka kwa haji. Yule ngamia alizaa, na haji alikuwa ameniahidi palepale siku ya kiatu kwamba ndama jike wa kwanza kutoka kwa yule mama ni wangu. Hakuniambia kwa huruma. Alisema, "Ili usiniangalie ngamia wangu hivyo, atakauka maziwa." Kwa hiyo nilikuwa kwake kila asubuhi tumbo la yule mnyama likikua. Nilikuwa naamka. Nilibeba fimbo na ilikuwa na mahali pa kwenda.

Akazaa dume.

Haji alicheka mpaka akakaa chini. Mimi nilisimama namwangalia yule ndama akijaribu miguu yake mirefu, dume wazi kabisa bila ubishi. Haji alipopata pumzi akafuta macho, akasema, "Hapa, kafiri wangu, huwezi kuweka kiwiko mbavuni."

Nikamgeukia. Hakuwa ananiangalia, alikuwa anamfuta ndama pua. Alikuwa ameangalia pembeni siku ile, nilimwona, mikono nyuma. Lakini mtu akikaa jirani na mtoto wa mtupa viatu miaka arobaini, sijui anahitaji kuangalia nini. Alijua, na bado alikuwa amenipa kiatu mkononi. Sikumuuliza kwa nini. Sijamuuliza mpaka leo, na ukimwona usimuulize kwa niaba yangu.

Sasa yule ngamia ana mimba tena. Imeshapita miezi kumi na moja, na ngamia anabeba kumi na tatu. Nakwenda kila asubuhi na kiganja cha chumvi. Ananijua, ananipiga kiwiko makusudi. Ninaweka mkono ubavuni mwake, nasikia kitu kikisogea ndani, na bila mtu kuniambia naanza kuomba awe jike. Naomba kwa Kiturkana, natia na ya kanisani, juzi nimetia na ile moja ya Kiarabu ambayo haji husema, sijui hata maana yake.

Halafu nasimama pale najiona mjinga. Mle ndani tayari ni dume au tayari ni jike. Limekwishaamuliwa mwaka jana, na kitu kidogo kuliko punje ya mtama, kisichojua kitu. Ninamwomba Mungu nini? Abadilishe? Haji anasema Mungu alijua mwaka jana kwamba nitaomba leo, akazingatia. Nimemwambia hilo ndilo jambo la busara zaidi amewahi kusema na ni uongo mtupu.

Kesho nitapeleka chumvi zaidi. Nitaomba kidogo, nikiwa pale, haijalishi. Mkono unakwenda wenyewe.